Kufunga na Kufungua: Fuwele, Chungu na Lugha ya Kudhibiti Nguvu za Hatari

1.0 Utangulizi



Najua kwamba mada niliyoichagua imewashangaza baadhi yenu. Mmezoea kunisikia nikizungumzia mofolojia ya kitenzi cha Kiswahili, na leo mnaona katika tangazo la mhadhara maneno kama fuwele, jini na nguvu za hatari. Naomba mnivumilie. Kabla hatujafika mwisho, mtaona kwamba bado niko pale pale nilipokuwa siku zote, yaani katika mzizi wa kitenzi na viambishi vyake.

Chimbuko la mhadhara huu ni zoezi dogo nililowapa wanafunzi wangu wa somo la tafsiri. Vijana wetu wengi wamekulia katika vibanda vya video, ambako mtafsiri huketi na kipaza sauti na kuzifasiri filamu za kigeni papo kwa papo. Katika filamu hizo kuna kifaa kimoja kinachojirudia mno: jiwe linalong'aa, au kijisanduku cha fuwele, ambacho ndani yake kumewekwa nguvu ya ajabu inayoweza kuangamiza mji mzima ikitoka. Mfano unaojulikana sana ni ule mchemraba wa buluu uitwao Tesseract, ulioonekana katika filamu ya Captain America ya mwaka 2011 na ukawa kiini cha ugomvi katika filamu ya The Avengers ya mwaka 2012. Niliwauliza wanafunzi swali moja tu: mtafsiri mwenye sekunde tatu aseme nini kwa Kiswahili?

Majibu yalikuwa mengi. Mmoja aliandika "fuwele ya kuhifadhia nguvu". Wa pili akaandika "kioo cha kudhibitia nguvu". Wa tatu, kijana mkimya aliyekaa nyuma, aliandika "chupa ya jini". Darasa zima lilicheka. Mimi sikucheka, kwa sababu niliona kwamba kijana yule ndiye aliyekaribia zaidi ukweli wa lugha yake, ingawa hakuwa na istilahi za kulieleza jambo lenyewe. Mhadhara huu ni jaribio la kumtetea.

Hoja yangu ni hii. Lugha ya Kiswahili ina vitenzi vya aina mbili vya kuelezea tendo la kukiweka kitu cha hatari mahali kisipoweza kudhuru. Aina ya kwanza, ambayo ni vitenzi vya asili ya Kibantu, hubeba ndani ya umbo lake uwezekano wa tendo hilo kutenduliwa. Aina ya pili, ambayo ni vitenzi vya mkopo kama vile dhibiti na hifadhi, haina uwezekano huo. Katika uundaji wa istilahi za sayansi tumependelea aina ya pili, na upendeleo huo una gharama. Wanaoilipa gharama hiyo si sisi wanaisimu.

2.0 Fuwele na bilauri: neno na bidhaa

Hatuna budi kuanza na jina la kifaa chenyewe. Mwanafunzi wa kemia leo anatumia neno fuwele kwa maana ya kitu yabisi ambacho chembe zake zimejipanga kwa utaratibu unaojirudia pande zote. Chumvi ni fuwele, almasi ni fuwele, sukari ni fuwele. Kioo cha dirisha si fuwele kwa maana hiyo ya kisayansi, kwa kuwa chembe zake hazina mpangilio wa namna hiyo. Tofauti hii tuiweke akilini, kwani tutairejea.

Lakini kabla ya istilahi ya kemia, pwani yetu ilikuwa na neno jingine: bilauri. Leo bilauri ni gilasi ya kunywea maji, na hakuna anayefikiria zaidi ya hapo. Neno hili limetokana na Kiarabu, ambako billawr ni fuwele ya mwamba, lile jiwe jeupe linalopenya nuru kama maji yaliyoganda. Mtaalamu al-Biruni, aliyeandika kitabu chake cha vito katika karne ya 11, anaeleza kwamba jiwe hilo lilikuwa likiletwa Basra kutoka, miongoni mwa kwingine, visiwa vya Zanji. Wanaakiolojia nao wamepata mabaki ya jiwe hilo huko Dembeni, kisiwani Mayotte, katika mji uliofanya biashara ya Bahari ya Hindi zaidi ya miaka elfu moja iliyopita. Katika zama hizo hizo mafundi wa Misri ya Wafatimi walichonga birika za fuwele ambazo baadhi zimesalia hadi leo. Moja yenye jina la khalifa al-Aziz, aliyetawala kuanzia mwaka 975 hadi 996, imehifadhiwa katika kanisa la Mtakatifu Marko mjini Venice.

Kwa hiyo jiwe lilitoka upande wetu likaenda kaskazini, na neno likatoka kaskazini likaja kwetu. Lilipofika lilishuka hadhi, kutoka kito cha khalifa hadi chombo cha mezani. Hata hivyo, jambo moja halikubadilika: bilauri ilibaki kuwa chombo. Watu wa pwani, tofauti na mwanakemia, hawakulichukua neno hili kwa ajili ya muundo wa chembe, bali kwa ajili ya kitu kinachobeba kitu kingine, na ambacho kilicho ndani yake huonekana kikiwa kimezuiliwa. Dhana ya fuwele kama chombo haikuletwa kwetu na filamu.

3.0 Vyombo vitatu vya kufungia nguvu

3.1 Chupa ya Sulemani

Kisa cha mvuvi na jini katika Alfu Lela Ulela kinajulikana kwa Waswahili wengi, kwa masimulizi na kwa tafsiri zilizochapishwa tangu enzi za ukoloni wa Waingereza. Mvuvi maskini anatupa wavu, anavua chombo cha shaba kilichozibwa kwa risasi, na juu ya risasi hiyo kuna muhuri wa Nabii Sulemani bin Daudi. Anaubandua muhuri, moshi unatoka, unakusanyika, unakuwa jini mkubwa ambaye, badala ya kumshukuru, anataka kumuua.

Tutazame namna chombo hiki kinavyofanya kazi. Shaba ni madini ya kawaida, na risasi ni laini kiasi kwamba mvuvi huyu aliing'oa kwa kisu. Jini mwenye uwezo wa kuinua milima hakuzuiliwa na risasi. Alizuiliwa na jina lililoandikwa juu yake. Na alipotoka, mvuvi hakumrudisha kwa nguvu. Alimrudisha kwa maneno: alimwambia kwamba haamini kiumbe mkubwa kama yeye aliwahi kuenea ndani ya chombo kidogo vile. Jini akaingia ili kumthibitishia, na mvuvi akarudisha kizibo. Kwa ufupi, kufunga ni kwa neno, na kufungua ni kwa mkono wa yeyote asiyejua kusoma neno hilo.

3.2 Fingo

Chombo cha pili ni cha kwetu kabisa. Fingo ni kago linalofukiwa ardhini ili kulinda nyumba, shamba au mji. James Kirkman, aliyeanza kuchimbua magofu ya Gede mwaka 1948, alikuta vyungu vilivyofukiwa ndani ya majengo, akavieleza kwa neno hilo hilo la fingo. Imani aliyoieleza ni kwamba jini huvutwa akae ndani ya chungu, na mtu aingiaye kwa nia mbaya hupatwa na madhara ya akili. Miongoni mwa Wamijikenda, fingo ndilo moyo wa kaya. Hufukiwa ndani ya msitu, na mahali lilipo hujulikana na wazee wachache tu. Misitu hiyo ya kaya iliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2008.

Chungu cha udongo ndicho chombo dhaifu kuliko vyote. Mtoto akikiangusha kinavunjika. Lakini katika mfumo huu hakuna aliyetegemea ugumu wa udongo. Waliotegemewa ni wazee, miiko na kumbukumbu ya mahali. Fingo bila mzee anayejua lilipo ni kigae tu, na kwa mujibu wa imani yenyewe ni hatari isiyo na mlinzi.

3.3 Fuwele ya hadithi za kisasa

Chombo cha tatu ni hicho cha hadithi za kubuni za nyakati zetu. J. R. R. Tolkien, ambaye kitabu chake The Silmarillion kilichapishwa mwaka 1977 baada ya kifo chake, alibuni vito vitatu viitwavyo Silmaril. Fundi Fëanor alivitengeneza kwa fuwele ngumu isiyovunjika, na ndani yake akafungia nuru ya miti miwili mitukufu. Fuwele haikupata ufa hata mara moja katika kitabu kizima. Kilicholeta maangamizi ni kiapo: Fëanor na wanawe waliapa kumfuatia yeyote atakayevishika vito hivyo, na kiapo hicho kikawamaliza wao na jamaa zao. Mwishowe kito kimoja kiko angani, kimoja ardhini na kimoja baharini.

Tesseract ni kinyume chake. Katika filamu ya mwaka 2018, Avengers: Infinity War, jitu Thanos anaushika mchemraba ule kiganjani na kuuponda, kisha anachukua jiwe la buluu lililokuwamo. Hapana muhuri, jina wala mlinzi wa kuombwa ruhusa. Mchemraba ni gamba la kitu, na mwenye nguvu zaidi hulivunja gamba.

Tukivilinganisha vyombo hivi tunaona mwelekeo mmoja. Kadiri chombo kinavyokuwa kigumu, ndivyo neno linavyopungua kazi. Chungu ni dhaifu, lakini kimezungukwa na maneno, miiko na watu. Mchemraba ni mgumu, lakini umebaki peke yake. Yule mwanafunzi aliyesema "chupa ya jini" aliurudisha mchemraba kwenye familia ya vyombo ambavyo vina muhuri na vina mtu wa kuuliza.

4.0 Sarufi ya kufunga

Sasa nirejee nyumbani kwangu, katika mofolojia.

Kiswahili kina kauli ambayo wanasarufi wameijadili tangu zama za E. O. Ashton, aliyechapisha sarufi yake mwaka 1944, na ambayo sisi huiita kauli ya kutendua. Kiambishi chake ni -u-, wakati mwingine -o-, kinachokuja baada ya mzizi na kuligeuza tendo nyuma. Tuangalie mifano michache:

funga – fungua
fukia – fukua
ziba – zibua
funika – funua
tega – tegua
zinga – zingua
zindika – zindua

Orodha hii sikuipanga kwa ajili ya mhadhara wa leo. Ni orodha ya kawaida ambayo mwalimu yeyote angeiandika ubaoni. Lakini tazameni maana zake. Karibu zote ni vitenzi vya kuzuia, kufunika au kuzungushia. Kauli ya kutendua haipatikani katika kila kitenzi. Hatusemi "pikua" kwa maana ya kukirudisha chakula kuwa kibichi. Makao yake makuu ni katika matendo ya kufunga kitu na kukiachia. Mzungumzaji wa Kiswahili anayejifunza neno funga akiwa na umri wa miaka miwili hujifunza pamoja nalo kwamba kilichofungwa chaweza kufunguliwa, na kwamba umbali kati ya matendo hayo mawili ni irabu moja.

Baadhi ya jozi hizi zimetoka moja kwa moja katika uganga. Kuzindika ni kuweka zindiko, yaani kuimarisha nyumba au mji kwa dawa. Kuzindua, pamoja na maana ya kumgutusha aliyelala, ni kuliondoa zindiko hilo. Leo tunazindua vitabu, barabara na kampeni, na hakuna mgeni rasmi anayedhani kwamba anaondoa uchawi anapokata utepe. Kuzingua nako kulikuwa ni kumwondolea mtu uchawi uliomzinga, kabla vijana wa mitaani hawajalipa neno hilo kazi nyingine ambayo ninyi mnaijua kuliko mimi.

Kitenzi funga chenyewe kina upana ambao haupaswi kutupita. Mfungwa amefungwa gerezani na ana kifungo cha miaka kadhaa. Mwanamke anayechelewa kupata mtoto huweza kusemwa na majirani kwamba amefungwa kizazi. Lakini pia tunafunga ndoa, tunafunga mkataba, tunafunga saumu. Kitenzi kimoja kinabeba kifungo na ahadi. Kitu kilichofungwa kwa Kiswahili kina pande mbili zinazohusiana: kuna aliyefunga, kuna kilichofungwa, na kati yao kuna sharti. Ndiyo maana mganga anayeshughulika na mwenye pepo hamfukuzi pepo kwa nguvu tu. Humwuliza jina lake, husikiliza anachotaka, na hufikia naye mapatano. Naye mtu aliyepandwa na pepo huyo huitwa kiti chake.

Jozi ya tega na tegua inastahili kutajwa peke yake, kwa kuwa ndiyo iliyovuka salama hadi katika zama za teknolojia. Magazeti yetu huandika kwamba bomu limetegwa, na kwamba wataalamu wamelitegua. Neno la mtego wa panya na wa swala limelipokea bomu bila taabu, na hakuna msomaji aliyehitaji maelezo. Angalieni pia kwamba hapa tendo la usalama ni lile lenye -u-, ilhali katika fungua na fukua tendo lenye -u- ndilo la hatari. Sarufi haituambii lipi ni jema. Inatukumbusha tu kwamba yapo yote mawili.

Sasa tuvitazame vitenzi vya mkopo. Dhibiti na hifadhi vina asili ya Kiarabu na vimetutumikia vyema kwa karne nyingi. Lakini havipokei kauli ya kutendua. Hakuna "dhibitua", hakuna "hifadhua". Anayetaka kuelezea kinyume chake lazima aunde kirai kizima: kuondoa udhibiti, kuacha kuhifadhi. Nguvu "iliyodhibitiwa" inasikika kama jambo lililokwisha. Fauka ya hayo, hifadhi ina rangi ya wema. Tunahifadhi Kurani kifuani, tunahifadhi misitu, tunahifadhi chakula kisiharibike. Kinachohifadhiwa ni kile tusichotaka kipotee.

5.0 Bango la mlangoni

Huenda mtu akasema kwamba haya ni mambo ya hadithi na sarufi, hayamdhuru mtu. Naomba nieleze kosa langu mwenyewe.

Miaka mingi iliyopita niliombwa na taasisi moja kutafsiri mabango ya tahadhari. Miongoni mwayo lilikuwamo la chumba kidogo kilichowekewa vifaa vyenye mionzi vilivyokwisha muda wake. Nilitumia lugha sanifu niliyojivunia: "Mionzi imehifadhiwa humu." Bango likachapishwa, likabandikwa.

Nilipokwenda kuyaona mabango yale, nilimkuta mama mmoja mfanyakazi wa usafi akifagia ukumbini. Aliniamkia kwa heshima, na alipojua kwamba mimi ndiye niliyeyaandika, akaniuliza swali ambalo sijalisahau. Alisema: "Profesa, kwetu kinachohifadhiwa ni mali. Sasa hicho mlichokiweka humo ni mali au ni nyoka? Maana mimi nimekuwa nikisukuma mlango nifagie hata humo, nikijua ni vitu vya thamani visipate vumbi."

Kwa bahati njema, vifaa vyenyewe vilikuwa ndani ya makasha mazito yaliyofungwa, na wahusika walithibitisha kwamba hakudhurika. Lakini adhabu ya kaburi aijuaye maiti. Niliyeandika neno lile sikuwa mtu wa kuingia chumbani mle kila asubuhi na ufagio. Bango lilibadilishwa likasomeka: "Nguvu za hatari zimefungwa humu. Usifungue." Maneno sita tu, na mawili kati yake ni mzizi mmoja. Sikumwona mtu mwingine aliyeuliza maana yake.

Napenda mwone kwamba neno nguvu halikuleta tatizo lolote. Kiswahili kinasema nguvu za giza, nguvu za umeme, na hata chombo rasmi cha serikali, kilichowekwa na sheria ya mwaka 2003, kinaitwa Tume ya Nguvu za Atomiki Tanzania. Lugha haikuona haja ya kuweka ukuta kati ya nguvu ya mganga na nguvu ya mwanafizikia. Ukuta tumeuweka sisi katika vitenzi.

6.0 Fuwele ya kweli na miaka elfu kumi

Nimekuwa nikizungumzia fuwele za kubuni. Fuwele ya kweli ya kufungia nguvu ya hatari ipo. Mwaka 1978 mwanasayansi Ted Ringwood wa Chuo Kikuu cha Taifa cha Australia alibuni mwamba bandia uitwao Synroc, wenye fuwele za madini ya titani, ambao atomu za taka za nyuklia huingia na kukaa ndani ya mpangilio wa fuwele yenyewe. Mwaka huo huo kiwanda cha Marcoule nchini Ufaransa kilianza kuyeyusha taka za namna hiyo pamoja na kioo na kuzimimina katika mapipa ya chuma. Hapa ndipo tofauti ya fuwele na kioo niliyoitaja mwanzoni inapopata uzito: ni njia mbili zinazoshindana za kazi ile ile, ya kuifunga hatari ndani ya jiwe.

Hatari yenyewe ina umri mrefu. Plutoni 239 huhitaji takriban miaka 24,100 ili nusu yake tu iishe. Wahandisi wamejitahidi kuhusu ugumu wa chombo. Lakini nani atawaambia watu wa baadaye wasifukue? Swali hili walipewa wataalamu wa lugha na ishara. Mwaka 1984 Thomas Sebeok, mwanaisimu na mwanasemiotiki aliyefanya kazi Marekani, aliandika ripoti kuhusu namna ya kupeleka ujumbe mbele kwa miaka 10,000. Aliona kwamba hakuna maandishi wala alama inayoweza kuaminiwa peke yake kwa muda huo. Pendekezo lake lililozua mjadala mkubwa lilikuwa kwamba liundwe kundi la warithi, aliloliita ukuhani wa atomiki, ambalo lingepokezana ujuzi huo kizazi hadi kizazi, likisaidiwa na miiko na ngano za kuwatia watu hofu ya mahali pale.

Nilipoisoma hoja hiyo kwa mara ya kwanza nilikiweka kitabu chini nikafikiri: huyu bwana amebuni upya wazee wa kaya. Chombo kimefukiwa, mahali panajulikana na wachache, miiko inawazuia wengine, na kumbukumbu inakaa kwa watu. Sisemi kwamba fingo na Synroc ni kitu kimoja, kwani kimoja kimejengwa juu ya imani na kingine juu ya vipimo. Ninachosema ni kwamba tatizo la mwisho la vyote viwili ni moja, nalo ni tatizo la lugha: nani anajua kilichofungwa, na atalisema kwa neno gani ili asiyejua asifungue.

Tusijidanganye kuhusu uimara wa maneno yetu. Utendi wa Tambuka uliandikwa mwaka 1728. Haijatimia hata miaka 300 na mwanafunzi wa leo hausomi bila faharasa na mwalimu. Miaka 10,000 ni zaidi ya mara 30 ya umri huo.

7.0 Pingamizi mbili

Natarajia pingamizi mbili. Ya kwanza ni kwamba vitenzi kama funga na fukia ni vya kawaida mno, navyo istilahi yapaswa kuwa na maana moja tu iliyowekewa mipaka. Pingamizi hii ina haki yake. Mwanafizikia anapoandikia wanafizikia, dhibiti na istilahi zake zinafaa, na siombi ziondolewe. Lakini istilahi ina wasomaji wa ngazi mbalimbali, na mwisho wa safari yake ni bango la mlangoni. Katika ngazi hiyo ukawaida wa neno ni sifa.

Pingamizi ya pili ni kwamba maneno yenye historia ya uganga yataingiza ushirikina katika sayansi. Jibu langu ni historia ya neno zindua. Limeoshwa na matumizi hadi hakuna anayekumbuka lilikotoka. Hata hivyo sipendekezi tuseme kwamba taka za nyuklia zimezindikwa. Napendekeza funga, fukia, ziba na tega, pamoja na watendua wao, viwe chaguo la kwanza katika maandishi yote ya tahadhari yanayomlenga mwananchi. Na kwa mtafsiri wa filamu aliye na sekunde tatu, napendekeza "fuwele ya kufungia". Neno hilo ni fupi, na anayelisikia anajua papo hapo kwamba kuna siku itafunguliwa, la sivyo filamu isingekuwapo.

8.0 Hitimisho

Katika mhadhara huu nimejaribu kuonesha kwamba fuwele ya kufungia nguvu za hatari, iwe ya hadithi au ya maabara, ina jamaa wa kale katika utamaduni wa Waswahili na majirani zao. Kwamba sarufi ya Kiswahili ina kauli maalumu inayozungumzia hali hiyo hasa. Na kwamba tunapokimbilia vitenzi visivyo na kinyume chake tunamnyima msomaji onyo ambalo lugha yake ingempa bure.

Wanafunzi wangu, mtakapoitwa kuunda istilahi, nanyi mtaitwa, msiishie kuuliza kama neno ni sanifu. Ulizeni ni nani atakayelisoma akiwa peke yake mbele ya mlango. Na yule kijana wa "chupa ya jini", ambaye namwona ameketi pale pale nyuma kama kawaida yake, alipata alama zake zote.